Mvumilivu Hula Nini?

Methali moja tunaijua sote tangu utoto: mvumilivu hula mbivu. Tumeisikia shuleni, tumeisikia kwa wazee jioni, na sisi wenyewe tumewafundisha watoto. Leo tunataka kuipima, kama mwenye duka anavyoigonga sarafu juu ya meza asikie kama inalia vizuri. Tutaipima kwa maisha ya watu wawili wanaoishi mbali nasi, mmoja Kanada, mwingine Austria. Kazi yao imekuwa ni kuteleza juu ya theluji kwa ubao. Msicheke kwanza. Mambo yao yametufikisha kwenye swali lililo karibu sana na nyumba zetu.

Theluji na ubao

Ndugu zetu wa Beni na Mutwanga hawana haja ya kuelezwa theluji. Asubuhi mawingu yakifunguka wanaiona kwa macho yao, nyeupe, juu ya milima ya Ruwenzori, ijapokuwa siku hizi inapungua mwaka hata mwaka. Kilele cha Margherita kina urefu wa meta 5109, na huko juu baridi haitoki. Kwa wasomaji wengine tuseme hivi: theluji huanguka polepole toka mawinguni kama unga wa muhogo unaopepetwa. Ikilala chini na kushindiliwa, inakuwa ngumu, nayo inateleza kuliko udongo wa Bukavu baada ya mvua.

Watu wa nchi za baridi wamezoea tangu zamani kushuka vilima vyao kwa ski, yaani mbao mbili ndefu na nyembamba zinazofungwa miguuni, moja kulia, moja kushoto. Lakini siku ya Noeli ya mwaka 1965, katika mji wa Muskegon, Marekani, baba mmoja jina lake Sherman Poppen alizifunga ski mbili pamoja zikawa kama ubao mmoja, watoto wake wapate kutelezea. Toka mchezo huo wa nyumbani ukazaliwa mchezo mpya. Kwa miaka mingi wenye vilima vya ski waliwafukuza wenye ubao, wakiwaona kuwa wahuni wa kuharibu njia. Mwaka 1998 tu, katika mji wa Nagano, Japani, ubao uliingia kwa mara ya kwanza katika Michezo ya Olimpiki ya majira ya baridi.

Wenye ubao si wa aina moja. Wako wanaoruka juu na kupinduka hewani, nao ndio wanaopendwa zaidi na vijana. Wengine ni watu wa mbio, na hao ndio tunaowasema leo. Ubao wao ni mrefu na mwembamba, viatu vyao ni vigumu kama mbao, na miguu yote miwili imekazwa juu ya ubao mmoja, mmoja mbele, mmoja nyuma. Wanashuka kilima kwa mwendo mkali, wakipita kuzunguka vijiti vyenye vitambaa vinavyoitwa milango, huku na huku, kulia na kushoto. Anayekosa mlango mmoja ametoka mashindanoni.

Je, wanakataje kona bila breki na bila usukani? Mtu wa Goma ataelewa upesi. Mtazameni kijana wa chukudu anayeshuka na mzigo wa viazi toka Kibumba. Akifika kwenye kona halazimishi kwa mikono tu. Anaulaza mwili wote upande wa kona, na chukudu inamfuata. Mwenye ubao anafanya vivyo hivyo. Pembeni mwa ubao kuna ukingo wa chuma. Anajilaza mpaka mkono unakaribia kugusa theluji, ukingo unauma barafu, na ubao unachora kona safi kama kisu kinavyokata sabuni. Akijilaza mno anaanguka. Akiogopa kujilaza, ubao unaburuka upande na mwendo unakufa. Kati ya kuanguka na kuchelewa kuna nafasi ndogo sana, na kuipata nafasi hiyo ni kazi ya miaka.

Mtu aliyeshinda kila mahali ila pamoja

Katika Olimpiki, mbio za ubao huendeshwa kwa watu wawili wawili. Mmoja anashuka njia nyekundu, mwenzake njia ya buluu, bega kwa bega. Kwanza kuna mchujo wa asubuhi, ambapo watu 16 huchaguliwa. Halafu wanaanza kutoana: 16 wanabaki 8, 8 wanabaki 4, 4 wanabaki 2. Siku hizi kila wawili hushuka mara moja tu. Lakini mwaka 2010 walikuwa wakishuka mara mbili, wakibadilishana njia, ili asiwepo wa kunung'unika kwamba njia ya mwenzake ilikuwa bora. Aliyeachwa nyuma katika mshuko wa kwanza aliadhibiwa katika wa pili: mlango wa mwenzake ulifunguka kwanza, naye alingoja kwa muda uleule alioachwa. Ndipo wake ukafunguka.

Sasa mjue mtu wetu wa kwanza. Jasey-Jay Anderson alizaliwa Montréal, Kanada, mwaka 1975. Alikuwapo Nagano mwaka 1998, Olimpiki ile ya kwanza ya ubao. Hakupata medali. Kisha akapata nguvu za ajabu. Katika mashindano ya Kombe la Dunia, ambayo huendeshwa majira yote ya baridi toka nchi hata nchi, alitwaa taji la jumla miaka minne mfululizo: 2001, 2002, 2003 na 2004. Akawa pia bingwa wa dunia, si mara moja. Mtu angesema: huyu Olimpiki ni yake.

Kumbe sivyo. Mwaka 2002, katika majira yaleyale aliyokuwa akitwaa taji la dunia, alikwenda Salt Lake City, Marekani, akarudi bila medali. Mwaka 2006 alikwenda Torino, Italia. Akarudi tena mikono mitupu. Olimpiki huja mara moja kila miaka minne. Mkulima aliyekosa mvua mwaka huu hutazamia mvua ya mwaka ujao. Huyu mvua yake ikikosa alingoja miaka minne, na miguu yake ikizidi kuzeeka.

Mwaka 2010 Olimpiki zilikuwa Vancouver, katika nchi yake. Mbio za ubao zilipangwa kwenye mlima wa Cypress. Majira yale ya baridi yalikuwa na joto lisilo la kawaida, hata theluji ikaletwa kwa malori na kwa helikopta, na majani makavu yakawekwa chini yake kujaza kilima. Tarehe 27 Februari mvua ilinyesha na ukungu ukashuka. Anderson alikuwa na miaka 34. Alipita mchujo, akamtoa mmoja, akamtoa wa pili, akamtoa wa tatu, mpaka wakabaki wawili: yeye na kijana wa Austria mwenye miaka 24, Benjamin Karl.

Katika mshuko wa kwanza Karl alimwacha kwa sekunde 0,76. Ninyi mtasema, ni nini hiyo? Ni muda wa kufumba na kufumbua. Lakini hesabuni: mtu anayekwenda kilometa 50 kwa saa, katika muda huo amepita meta 10. Basi katika mshuko wa pili Anderson alisimama nyuma ya mlango uliofungwa, akasikia wa mwenzake ukifunguka, naye akangoja. Kisha akashuka. Mlango kwa mlango alimkaribia, nusu ya chini akamfikia, na mwisho alivuka mstari akiwa mbele kwa sekunde 0,35. Olimpiki yake ya nne, medali yake ya kwanza, na ni ya dhahabu.

Swali la fundi kijana

Sisi tunaofundisha tunapenda habari kama hizi. Zinatufaa mbele ya vijana. Ndiyo maana tulimsimulia hii jirani yetu mmoja, kijana wa miaka 20, ambaye wakati ule alikuwa akijifunza useremala kwa fundi wa mtaa wetu. Alikuwa na mikono mizuri. Mbao alizopiga randa yeye, ukipitisha kiganja hukuti mkwaruzo. Lakini alikuwa amekaa miaka mitatu katika kujifunza, na wenzake wawili walikuwa wamekwenda machimbo ya dhahabu. Mmoja wao alirudi na simu mpya na pikipiki. Tangu siku ile kijana wetu hakutulia. Kila jioni tulimwona amekaa juu ya benchi lisilokwisha, akitazama barabara.

Tukamwita, tukamweleza habari ya mtu wa Kanada toka mwanzo hata mwisho: miaka kumi na miwili toka Nagano mpaka Cypress, mara tatu bila kitu, mara ya nne dhahabu. Tukamalizia kwa methali yetu. Alisikiliza kwa heshima mpaka tulipokoma. Halafu akauliza:

"Mwalimu, huyo mtu wa Kanada, miaka yote hiyo kumi na miwili, alikuwa anakula nini?"

Hakuuliza kwa dharau. Aliuliza kama fundi anavyouliza bei ya mbao. Tukamwambia tutatafuta jibu, naye akasema, "Asante, Mwalimu," akaenda zake.

Tuliyoyapata

Basi tulitafuta. Na kweli, mwenye kuuliza njia hapotei.

Kwanza, tuliona kwamba hakuna mtelezaji anayeshuka peke yake, ijapokuwa machoni petu tunamwona mmoja juu ya ubao. Yuko mwalimu wake anayemtazama kona kwa kona. Yuko fundi wa ubao, anayenoa ukingo wa chuma na kupaka nta chini yake, kwa maana nta ya siku ya baridi kali si nta ya siku ya mvua. Yuko mganga wa magoti. Wako watu wanaokesha usiku kwenye kilima wakiitengeneza njia, wakimwaga maji au chumvi ili theluji ishikamane na kuwa ngumu. Na nyuma yao wako wazazi waliomnunulia mtoto ubao wa kwanza, wakampeleka mlimani kabla ya kujua kama ana miguu ya kushinda.

Pili, tuliona kwamba nchi yake ilitoa fedha. Kanada ilikuwa na donda la zamani: ilikuwa imepokea Olimpiki nyumbani mara mbili, Montréal mwaka 1976 na Calgary mwaka 1988, na mara zote mbili haikupata hata dhahabu moja. Ilipojua kwamba Vancouver itapokea Olimpiki za 2010, ilianzisha mpango ulioitwa Own the Podium, ambao ulitumia zaidi ya dola milioni 100 za Kanada kuwaandaa wachezaji. Mwaka 2010 Kanada ilipata dhahabu 14, zaidi ya nchi nyingine yoyote katika Olimpiki zile, na ile ya Anderson ni mojawapo. Katika nchi nyingine kuna njia nyingine. Italia na Austria, kwa mfano, jeshi na polisi huwaandika wachezaji wengi, wakapata mshahara kila mwezi huku wakifanya mazoezi.

Tatu, tuliona kwamba fedha haitoshi kueleza yote. Wengi wamelipwa wasishinde, na wengi wamelipwa wakakata tamaa. Lakini bila chakula hata mwenye moyo wa chuma angeuacha ubao akatafute kazi. Uvumilivu una tumbo. Anayesema "vumilia" na asiulize tumbo litashiba nini, amesema nusu ya neno.

Yule aliyeshindwa

Sasa turudi kwa kijana wa Austria. Katika hadithi nyingi aliyeshindwa husahauliwa palepale kwenye mstari. Hebu tumfuate.

Benjamin Karl alitoka Cypress na medali ya fedha. Alikuwa amemtangulia mwenzake kwa sekunde 0,76, akashindwa kwa 0,35. Mtu anaweza kulala na hesabu ya namna hiyo usiku mwingi. Mwaka 2014, katika Olimpiki za Sochi, Urusi, alipata shaba katika mbio fupi za ubao, ambazo ziliwekwa katika Olimpiki mwaka ule mmoja tu, kisha zikaondolewa. Mwaka 2018, kule Pyeongchang, Korea ya Kusini, hakupata medali. Katikati ya miaka hiyo alikuwa bingwa wa dunia zaidi ya mara moja, akishinda sehemu nyingine zote kama Anderson kabla yake, lakini dhahabu ya Olimpiki ikamkimbia.

Tarehe 8 Februari 2022 alisimama tena juu ya kilima, mara hii Zhangjiakou, karibu na Peking. Alikuwa na miaka 36, mkubwa kuliko Anderson alivyokuwa siku ile alipomshinda. Katika mwisho alikutana na Tim Mastnak wa Slovenia, akamtangulia. Toka Cypress mpaka Zhangjiakou ni miaka kumi na miwili kasoro siku chache. Tena hakuishia hapo. Mwezi wa Februari 2026, katika Olimpiki za Italia, kule Livigno, alishinda dhahabu ileile mara ya pili, akiwa na miaka 40.

Tulitazama habari za ushindi wake wa 2022 jioni katika nyumba ya jirani, vijana wakiwa wamejaa hata mlangoni. Mzee mmoja aliyekaa karibu na televisheni aliuliza, "Mtu mzima huyu anacheza nini juu ya baridi?" Vijana wakacheka. Fundi wetu kijana alikuwapo. Yeye hakucheka. Alimtazama Karl anavyolala upande wa kona, akasema polepole, kana kwamba anaongea na nafsi yake, "Huyu ameshika randa yake vizuri."

Wale wasiokula mbivu

Hatutaki kuwadanganya, wasomaji wapenzi. Tukikomea hapa, methali yetu itakuwa imelia vizuri juu ya meza, na kila mtu atakwenda nyumbani amefurahi. Lakini siku ile ya 2010 kwenye mlima wa Cypress walikuwapo wengine. Shaba ilikwenda kwa Mfaransa Mathieu Bozzetto, mwenye miaka 36. Wa nne alikuwa Mrusi Stanislav Detkov. Wa nne! Wa nne hapandi juu ya jukwaa, hapigiwi wimbo wa taifa, hatiwi kitu shingoni. Na wale 12 waliotolewa kabla ya nusu ya mwisho, na wale ambao hawakuupita hata mchujo wa asubuhi? Wao pia waliamka alfajiri miaka mingi. Wao pia walivunjika, wakafungwa, wakarudi mlimani. Uvumilivu wao haukupungua uzito kwa sababu sekunde zilikataa.

Na Anderson mwenyewe? Baada ya dhahabu yake watu wangedhani kazi imekwisha. Lakini alirudi Olimpiki mwaka 2014 kule Sochi, akarudi tena mwaka 2018 kule Pyeongchang akiwa na miaka 42, Olimpiki yake ya sita. Mara zote mbili hakupata medali. Tazameni basi hesabu ya maisha yake: Olimpiki sita, medali moja. Anayetazama medali tu atasema amekwenda bure mara tano. Moyo wa mtu ni wake, hatuwezi kuusoma toka Bukavu. Lakini matendo yanasema. Mtu hapandi mlima wa baridi miaka ishirini kwa ajili ya dakika chache za kupigiwa makofi. Lazima kona yenyewe, ile kona safi isiyoburuka, iwe na utamu wake.

Hapo ndipo tulipoona kasoro ya namna tunavyoitumia methali. Tunaitumia kana kwamba uvumilivu ni pesa, na tunda bivu ni bidhaa: lipa hii, uchukue ile. Kijana akilipa miaka mitatu na asipewe tunda, anasema ametapeliwa, na kwa hesabu hiyo ana haki. Lakini kazi njema haiendi namna hiyo. Seremala anayepiga randa vizuri amekwisha kupata kitu kabla kiti hakijauzwa: mkono wake umejua. Ujuzi huo hakuna wa kumnyang'anya, wala sekunde, wala mwizi, wala vita. Kuvunjika kwa koleo si mwisho wa uhunzi, kwa sababu uhunzi hauko katika koleo. Uko katika mhunzi.

Neno hili ni kweli, lakini lisemwe pamoja na lile la kwanza. Utamu wa kazi haujazi sufuria. Ndiyo maana tunasema maneno mawili, tusiyatenganishe. Kwa kijana: penda kona yako, penda randa yako, usihesabu tunda tu. Kwa mzee, kwa fundi, kwa mzazi, kwetu sisi tunaofundisha: ukimwomba kijana avumilie, beba naye sehemu ya uvumilivu huo. Anderson alingoja nyuma ya mlango uliofungwa, ndiyo, lakini viatu alivyovaa vilinunuliwa, na ubao wake ulipakwa nta na mtu ambaye jina lake halikusomwa.

Kuhusu kijana wetu

Mtauliza yaliyompata fundi kijana. Hakuna muujiza wa kusimulia. Tulikwenda kwa fundi wake, tukakaa naye chini ya paa la karakana, tukaongea taratibu kama ilivyo desturi. Fundi naye alikuwa na shida zake: mbao zimepanda bei, wateja wanakopa, watoto wake sita wanasoma. Hakuwa mtu mbaya. Yeye mwenyewe alijifunza kwa miaka mitano bila kulipwa, akaona ndiyo njia. Baada ya maneno mengi akakubali jambo moja: toka mwezi ule, kila kiti ambacho kijana amekifanya mwenyewe toka mwanzo hata mwisho, atapata sehemu ya bei siku kitakapouzwa. Sehemu si kubwa. Mama mmoja wa jirani akasema naye atampa chakula cha mchana, kwani alikuwa anataka kabati, naye atalipwa kwa kabati hilo.

Basi hivyo tu. Sehemu ndogo ya bei ya kiti, na sahani ya ugali na maharage saa sita mchana. Kijana hakwenda machimboni. Wenzake wawili, mmoja yuko huko bado. Yule mwenye pikipiki aliiuza. Hatusemi kwamba huyu wetu atakuwa fundi mkubwa, wala kwamba atajenga nyumba ya matofali. Labda atakuwa kama Anderson wa 2010. Labda atakuwa kama wa nne, yule asiyepanda jukwaani. Lakini sasa anafanya meza ambazo miguu yake minne hukaa sawa juu ya sakafu isiyo sawa, na mtu akimwuliza amefanyaje, anaeleza kwa furaha mpaka chai inapoa.

Nasi tangu hapo, kila tunapotaka kumwambia mtu mvumilivu hula mbivu, tunajiuliza kwanza: huyu leo mchana atakula nini, na sisi tutaweka nini katika sahani yake? Wasomaji wapenzi, katika mtaa wenu hakosi kijana anayesimama sasa nyuma ya mlango uliofungwa, huku akisikia wa mwenzake ukifunguka. Mtazameni. Msimpe methali peke yake.